Jina la Shirika: Historia Fupi ya Kujumlisha Sehemu Zenye Asili Tofauti

Kila mwalimu wa shule ya msingi, awe anafundisha Kampala au Bujumbura, Kigali au Bukavu, amepata kuliona kosa hili. Mwanafunzi ameambiwa ajumlishe nusu na theluthi. Huchukua namba za juu, moja na moja, akapata mbili. Huchukua namba za chini, mbili na tatu, akapata tano. Kisha huandika daftarini, bila wasiwasi wowote, kwamba jumla ni 2/5. Mwalimu hupiga mstari mwekundu na kumkumbusha kanuni: tafuta kwanza kigawe kidogo cha shirika. Mwanafunzi hutii, hupata 5/6, na somo huendelea. Lakini ni mara chache mwanafunzi huyo huonyeshwa kwamba jawabu lake la kwanza lilikuwa dogo kuliko ile nusu aliyoanza nayo, yaani ameongeza akapunguza. Na ni mara chache zaidi huelezwa kwa nini kanuni ile ipo, na ni akina nani walioihitaji hata wakaitafuta.

Makala haya yanakusudia kusimulia habari hiyo kwa ufupi. Tutatumia istilahi zilizozoeleka katika vitabu vya shule vya Tanzania, ambamo namba ya juu ya sehemu huitwa kiasi, na ya chini huitwa asili. Kiasi hutuambia vipande ni vingapi. Asili hutuambia ni vipande vya namna gani. Wataalamu wa Ulaya walioandika kwa Kilatini waliipa namba ya juu neno lenye maana ya "mwenye kuhesabu", na ya chini neno lenye maana ya "mwenye kutoa jina". Wasomaji wetu waliosoma hesabu kwa Kifaransa au kwa Kiingereza watayatambua maneno hayo mara moja, kwa kuwa lugha hizo zimeyahifadhi hadi leo.

Mwalimu wa Kiswahili anaijua shida ya sehemu kwa sura nyingine. Tunasema "kisu kimepotea", tukasema pia "shoka limepotea". Kila nomino ina upatanisho wake. Tukiziweka pamoja, hatuwezi kusema kimepotea wala limepotea. Husemwa "kisu na shoka vimepotea". Lugha imetafuta upatanisho mmoja utakaozichukua nomino mbili za ngeli tofauti. Hali kadhalika, nusu na theluthi haziwezi kuhesabiwa pamoja mpaka zipatiwe jina moja linalozifaa zote mbili, nalo ni sudusi: nusu ni sudusi tatu, theluthi ni sudusi mbili, na jumla yake ni sudusi tano. Basi historia ya kujumlisha sehemu ni historia ya watu waliotafuta jina la shirika.

Mikate ya Misri na wino mwekundu

Hati mashuhuri kuliko zote za hesabu za Misri ya kale iliandikwa juu ya mafunjo na mwandishi aitwaye Ahmes, yapata mwaka 1550 kabla ya Kristo (K.K.). Mwenyewe anaeleza kwamba aliinakili kutoka katika maandishi ya zamani zaidi, ya enzi ya mfalme Amenemhat wa Tatu, yapata karne ya 19 K.K. Mskoti mmoja, Alexander Henry Rhind, aliinunua huko Luxor mwaka 1858, na sehemu yake kubwa imehifadhiwa British Museum mjini London.

Wamisri walikuwa na desturi ambayo leo hutushangaza. Isipokuwa kwa 2/3, waliandika sehemu zenye kiasi cha moja tu: 1/2, 1/3, 1/4, 1/5, na kuendelea. Alama ya sehemu ilikuwa mchoro wa mdomo uliowekwa juu ya namba. Kwa hiyo hawakuandika 2/5. Waliandika 1/3 na 1/15 zikifuatana. Ahmes aliweka mwanzoni mwa hati yake jedwali zima la kugawa mbili kwa kila namba witiri kuanzia 3 hadi 101, ili mwandishi asihangaike kila mara. Kisha yanafuata maswali ya kugawa mikate kwa watu kumi. Mikate saba ikigawiwa watu kumi, kila mtu hupata 2/3 na 1/30 ya mkate. Mikate tisa ikigawiwa watu hao hao, kila mmoja hupata 2/3, 1/5 na 1/30.

Msomaji atauliza: mwandishi alijuaje kwamba sehemu tatu zisizofanana zimetimiza kile kilichotakiwa? Jibu limo katika swali moja la hati hiyo. Mwandishi anatakiwa kutafuta kitakachoongezwa kwa 2/3 na 1/15 ili kutimiza moja kamili. Aliichagua namba 15. Theluthi mbili za 15 ni 10, na sehemu yake ya kumi na tano ni 1. Jumla ni 11. Zimepungua 4. Nne hizo alizigawa kuwa 3 na 1. Na kwa kuwa 3 ni sehemu ya tano ya 15, na 1 ni sehemu yake ya kumi na tano, jawabu likawa 1/5 na 1/15.

Namba hizo za msaada waandishi wa Misri waliziandika kwa wino mwekundu chini ya sehemu zilizoandikwa kwa wino mweusi. Tusidai kwamba walifikiri sawasawa na sisi, maana wakati mwingine walichagua namba isiyogawanyika vizuri, hata namba nyekundu zenyewe zikawa na sehemu ndani yake. Hata hivyo wazo la msingi limekwisha kuonekana: chukua namba moja, pima kila sehemu kwa namba hiyo, kisha hesabu.

Babeli na namba sitini

Wakati huo huo, katika nchi iliyo kati ya mito Tigris na Euphrates, waandishi wa Babeli walikuwa wamechagua njia nyingine. Wao hawakutafuta jina jipya la shirika kwa kila swali. Waliweka jina moja kwa maswali yote. Kila kizima walikigawa vipande sitini, na kila kipande vipande sitini tena. Nusu ilikuwa 30, theluthi 20, robo 15, sehemu ya tano 12, na sudusi 10. Kujumlisha nusu na theluthi kulikuwa sawa na kujumlisha 30 na 20. Sisi sote tungali warithi wao kila tutazamapo saa. Anayesema kwamba nusu saa na robo saa ni dakika arobaini na tano amejumlisha sehemu zenye asili tofauti, wala hakuhitaji kalamu.

Njia hii ina mpaka wake. Sitini haigawanyiki kwa saba. Katika majedwali ya Babeli ya karne ya 18 K.K. hivi, namba saba huachwa, au huandikwa kwamba saba haigawi. Jina moja lililowekwa mapema hurahisisha kazi ya kila siku, lakini hakuna jina moja litakalozifaa sehemu zote.

Kanuni inaandikwa: Uchina na India

Watu wa kwanza tunaowajua kuiandika kanuni ya jumla, inayofaa kwa sehemu yoyote, ni Wachina. Katika miaka ya 1983 na 1984 wachimbuzi wa mambo ya kale walifukua kaburi moja huko Zhangjiashan, katika jimbo la Hubei, lililofungwa yapata mwaka 186 K.K. Ndani yake mlikuwa na vibao vyembamba vya mianzi vilivyoandikwa hesabu, na miongoni mwake kanuni ya kuunganisha sehemu. Kanuni hiyo inapatikana kwa ukamilifu zaidi katika kitabu kiitwacho Jiuzhang suanshu, yaani Sura Tisa za Hesabu, kilichokwisha kukusanywa kufikia karne ya kwanza baada ya Kristo. Tena iko katika sura ya kwanza, inayohusu upimaji wa mashamba.

Kanuni yenyewe ni hii: zidisha kila kiasi kwa asili ya mwenzake, ujumlishe, zidisha asili zote pamoja, kisha gawa jumla ile kwa zao hili. Mfano wa kwanza wa kitabu ni 1/3 na 2/5, na jawabu lake ni 11/15. Mfano mwingine ni 1/2, 2/3, 3/4 na 4/5, ambao jumla yake ni 2 na 43/60. Hakuna mwalimu leo asiyeweza kuitoa mifano hiyo darasani kama ilivyo.

Mwaka 263, Liu Hui aliandika sherehe ya kitabu hicho, wala hakutosheka kuirudia kanuni; alieleza sababu yake. Alitenganisha vitendo viwili. Kitendo cha kwanza ni kusawazisha, yaani kuzidisha asili ili sehemu zote ziwe za namna moja. Cha pili ni kulinganisha, yaani kuzidisha viasi kwa kadiri ile ile, ili thamani ya kila sehemu isipotee. Kipande kimekatwa kiwe kidogo zaidi, basi idadi ya vipande lazima iongezeke kwa kadiri hiyo hiyo. Maelezo haya yangali maelezo bora kabisa ya somo hili.

Huko India, Brahmagupta aliiweka kanuni ya kujumlisha sehemu katika kitabu chake cha mwaka 628. Yapata mwaka 850, Mahavira aliongeza jambo la manufaa makubwa: badala ya kuzidisha asili zote, jambo linalozaa namba kubwa zisizo za lazima, tafuta namba ndogo kuliko zote inayogawanyika kwa asili hizo zote. Hicho ndicho kigawe kidogo cha shirika tunachowafundisha watoto. Wahindi waliandika kiasi juu na asili chini, lakini bila mstari katikati. Mstari uliongezwa na wanahesabu wa Afrika ya Kaskazini, na al-Hassar, aliyeishi katika karne ya 12, ni miongoni mwa wa kwanza tunaojua kwamba waliutumia. Leonardo wa Pisa, ajulikanaye kwa jina la Fibonacci, alijifunza hesabu akiwa kijana huko Bugia, mji ulioko katika Algeria ya leo, na mwaka 1202 aliupeleka mstari huo Ulaya ndani ya kitabu chake Liber Abaci. Kwa hiyo mstari ule mdogo unaochorwa katika kila daftari la shule ulipitia bara letu.

Mirathi: pale kosa linapomdhulumu mtu

Mikate na mashamba viliwalazimisha watu kujumlisha sehemu. Lakini hakuna mahali ambapo hesabu hii ilichunguzwa kwa makini zaidi kuliko katika kugawa mali ya marehemu. Al-Khwarizmi, aliyeandika huko Baghdad yapata mwaka 820 kitabu kilichoipa dunia jina la aljebra, alitumia zaidi ya nusu ya kitabu hicho kwa maswali ya wasia na mirathi. Kwetu Afrika Mashariki habari hii si ya mbali, maana kwa njia ya elimu ya faradhi sehemu zilifundishwa pwani karne nyingi kabla ya shule za kikoloni.

Katika sura ya An-Nisaa, sheria ya Kiislamu imeweka mafungu sita: nusu, robo, thumuni, theluthi mbili, theluthi, na sudusi. Mafungu haya hukutana katika mali moja, na asili zake hazifanani. Tuchukue mfano. Mtu amefariki akaacha mke, mama, na mtoto mmoja wa kiume. Mali yake ni minazi 168. Mke ana thumuni, mama ana sudusi, na mtoto huchukua kinachobaki. Asili ya shirika ya nane na sita ni 24: thumuni ni 3/24, sudusi ni 4/24, jumla 7/24. Mke hupata minazi 21, mama 28, na mtoto 119.

Sasa tumpe kazi hiyo yule mwanafunzi wetu wa mwanzo. Atajumlisha 1/8 na 1/6 apate 2/14, ambayo ni 1/7, na kuwatengea wanawake wawili minazi 24 badala ya 49. Minazi 25 imewatoka mikononi kwa kosa la mistari miwili. Ubaoni kosa hilo ni alama moja iliyopotea. Mbele ya kadhi ni dhuluma.

Ndiyo maana wataalamu wa faradhi waliitengeneza kazi hii kwa utaratibu wa kupendeza. Namba ya shirika waliiita asili ya mas'ala. Msomaji ataona kwamba ni neno lile lile, asili, ambalo vitabu vyetu vya shule hulitumia kwa namba ya chini ya sehemu. Tena wakasema kwamba kati ya namba mbili za chini mna uhusiano wa aina nne tu. Ya kwanza ni tamathuli, namba kufanana, kama theluthi na theluthi mbili; asili hubaki 3. Ya pili ni tadakhuli, namba moja kuingia ndani ya nyingine, kama nusu na sudusi. Tunachukua iliyo kubwa, 6. Ya tatu ni tawafuki, namba kuafikiana katika kigawo fulani, kama thumuni na sudusi, ambazo zote hugawanyika kwa mbili. Tunazidisha moja kwa nusu ya nyingine, nane kwa tatu, tupate 24. Ya nne ni tabayuni, namba kutengana kabisa, kama thumuni na theluthi. Tunazidisha zote mbili, tupate 24. Mwanafunzi aliyezifahamu hali hizi nne hahitaji kukariri kanuni ya kigawe kidogo cha shirika, maana ameielewa. Kwa mafungu sita yaliyotajwa, asili zinazopatikana ni saba tu: 2, 3, 4, 6, 8, 12 na 24.

Baada ya kujumlisha, likazuka swali zito zaidi. Itakuwaje jumla ikizidi moja? Inasimuliwa kwamba katika ukhalifa wa Umar, uliodumu kuanzia mwaka 634 hadi 644, alifariki mwanamke akaacha mume na dada wawili. Fungu la mume ni nusu, la dada ni theluthi mbili. Nusu ni 3/6, theluthi mbili ni 4/6. Jumla ni 7/6. Mali haitoshi. Baada ya kushauriana na masahaba, Umar aliamua kwamba upungufu ugawiwe wote kwa kadiri ya mafungu yao: mali ikagawanywa mafungu saba badala ya sita, mume akapata 3/7, na dada 4/7. Jambo hili huitwa aul. Ibn Abbas anapokewa kuwa aliipinga, na mafakihi wa Kishia hawakuikubali. Kwao upungufu huangukia baadhi tu ya warithi. Wanazuoni wa Kisunni waliikubali.

Mfano maarufu zaidi ni ule unaohusishwa na Ali. Marehemu ameacha mke, binti wawili, baba na mama. Mke ana 3/24, binti 16/24, baba 4/24, mama 4/24. Jumla ni 27/24. Inasimuliwa kwamba Ali aliulizwa swali hili akiwa juu ya mimbari, naye akajibu papo hapo kwamba thumuni ya mke imekuwa tusui. Msomaji na ahakikishe mwenyewe: tatu juu ya ishirini na saba ni moja juu ya tisa. Tunaona hapa kwamba hesabu na haki ni mambo mawili. Hesabu iliwaonyesha wanazuoni, pasipo shaka, kwamba mali imepungua. Haikuwaambia nani aubebe upungufu huo. Hilo lilikuwa la kuamuliwa na watu, nao walitofautiana. Lakini wasingeweza hata kuanza kujadiliana kabla ya kuyaweka mafungu yote chini ya jina moja.

Kiswahili kina nini?

Tumepata kusikia ikisemwa kwamba Kiswahili ni lugha ya soko na ngano, na kwamba hesabu haikai vizuri ndani yake. Anayesema hivyo hajalifungua kamusi. Kiswahili kina jina la pekee kwa kila sehemu kuanzia nusu hadi sehemu ya kumi: nusu, theluthi, robo, humusi, sudusi, subui, thumuni, tusui na ushuri. Tuliyapokea kutoka Kiarabu, pamoja na mpaka wake. Waarabu wenyewe walikuwa na majina ya pekee hadi sehemu ya kumi tu. Sehemu kama ya kumi na moja au ya kumi na tatu waliziita viziwi, wakazitaja kwa maelezo, yaani sehemu moja katika sehemu kumi na moja. Nasi hufanya vivyo hivyo tunaposema "sehemu moja ya kumi na moja", wala hatupungukiwi na kitu.

Baadhi ya majina hayo yamefanya safari ndefu. Ushuru unaotozwa forodhani una shina moja na ushuri, sehemu ya kumi. Thumuni ilikuwa sehemu ya nane ya riale. Shilingi ilipoingia Afrika Mashariki katika miaka ya 1920, jina likahamia sarafu ya senti 50, ambayo ni nusu ya shilingi wala si sehemu yake ya nane. Na kila siku twasema "saa mbili kasorobo", tukitoa robo katika kizima bila kujua kwamba tumefanya hesabu ya sehemu.

Vipimo vya zamani vya pwani navyo vilijengwa juu ya wazo hili. Pishi moja ilikuwa visaga viwili, na kisaga vibaba viwili. Mwanamke aliyepima mtama sokoni, nusu pishi kwa mteja mmoja na robo pishi kwa mwingine, alijua kwamba ametoa vibaba vitatu. Kibaba kilikuwa asili yake ya shirika. Katika nguo, pima moja ilikuwa mikono minne, na mkono shibiri mbili. Katika rupia ya Kihindi iliyotumika kabla ya shilingi, rupia moja ilikuwa anna 16; nusu rupia, robo rupia na thumuni ya rupia zilikuwa anna nane, nne na mbili, yaani 14. Vipimo vyote hivi hukata nusu kwa nusu. Theluthi haina nafasi ndani ya pishi, kama vile saba haikuwa na nafasi katika sitini ya Babeli.

Wala Kiswahili hakikuishia sokoni. Sheikh Ali bin Hemedi el-Buhriy wa Tanga aliandika kitabu juu ya mirathi, nacho kilipigwa chapa katika miaka ya 1920. Lugha iliyoweza kueleza kanuni za kugawa mali kati ya warithi wenye mafungu mbalimbali haiwezi kuitwa lugha isiyo na hesabu.

Wajibu wetu

Katika nchi zetu hesabu za madarasa ya juu hufundishwa aghalabu kwa Kifaransa au kwa Kiingereza, na mwalimu wa Kiswahili hudhani kwamba kazi hiyo si yake. Nionavyo mimi, ana mchango wa namna tatu.

Kwanza, afundishe majina ya sehemu, yote tisa, kama msamiati wa lugha. Mtoto anayesema "sudusi tatu na sudusi mbili" haelekei kukosea, kwa sababu masikio yake yanamwambia kwamba anahesabu vitu vya jina moja. Kosa la 2/5 huzaliwa pale sehemu inapoonekana kuwa namba mbili zilizopandana, moja juu ya nyingine, zisizo na jina.

Pili, asimulie. Swali la Ahmes la kutimiza moja kamili, mfano wa kwanza wa Wachina, minazi 168 ya marehemu, vibaba vya pishi: kila kimoja ni kisa kifupi kinachofaa kwa imla, kwa ufahamu, au kwa insha. Mwanafunzi atakayeandika kwa Kiswahili safi jinsi wino mwekundu ulivyomsaidia mwandishi wa Misri atakuwa amefanya mazoezi ya masomo mawili kwa wakati mmoja.

Tatu, ashirikiane na mwenzake wa hesabu katika istilahi. Kiasi, asili na kigawe kidogo cha shirika ni maneno yanayojieleza; yanafaa kutajwa hata katika darasa linalofundishwa kwa lugha nyingine, ili mtoto apate pa kushika.

Kutoka hati ya mafunjo hadi daftari la leo imepita zaidi ya miaka 3,500, na katika muda huo watu wasiofahamiana, wenye dini, maandishi na vipimo mbalimbali, walifika mahali pamoja. Kila walipotaka kujua kama mikate imetosha, kama shamba limepimwa sawa, au kama mjane amepata haki yake, iliwabidi kwanza watafute kipande kidogo kinachoingia sawasawa katika mafungu yote. Mtoto anapoanza kukitafuta kipande hicho kwa nusu yake na theluthi yake, anafanya kazi ile ile, na anastahili kuambiwa hivyo.